Nyoka Mweusi Si Mmoja

Ulizeni po pote baina ya Kasongo na Kabambare jina la nyoka aliyeuawa asubuhi nyuma ya nyumba, na mara nyingi mtajibiwa maneno mawili tu: "Nyoka mweusi." Jibu hilo lamtosha mtu aliyeshika fimbo. Halimtoshi mwenye ghala la mpunga, wala mwuguzi aliyeletewa mgonjwa usiku. Weusi ni nguo waliyoivaa nyoka wengi, wabaya na wasiodhuru, na wengine huivaa nusu tu. Tena nchi yetu ya kusini mwa Maniema ni mahali ambapo msitu mkubwa wakoma na nyika za majani zaanza, hata nyoka wa pande zote mbili hukutana katika mashamba yetu. Leo twataka kuwatazama wachache wao, kwa mbali, kama inavyofaa.

Tuanze na yule wa kuogopwa zaidi, fira wa msituni. Wataalamu humwita Naja melanoleuca, na neno hilo la pili, lililotoka katika Kigiriki, lina maana ya "mweusi na mweupe". Jina limefichua siri yake. Mtu amwonaye kwa nyuma, anapoingia majanini, huona mwili mweusi unaong'aa kama uliopakwa mafuta, basi. Lakini midomo yake ni myeupe au ya manjano, nayo imekatwa na mistari myeusi iliyosimama, kana kwamba mwanafunzi ameichora kwa wino. Chini ya shingo pia rangi yake ni ya maziwa au manjano, yenye mikanda myeusi ya kupita. Fira mzima hukaribia mita 2, na wengine hupita mita 2 na nusu. Hupanda miti, huogelea kwa ustadi, huwinda vyura, samaki na panya. Kwa kawaida humkimbia mtu. Akizibiwa njia huinua kichwa na kutanua shingo. Sumu yake hushika mishipa ya fahamu: kope huanguka, ulimi huwa mzito, na mwishowe kifua hukosa nguvu ya kuvuta hewa.

Katika nyika kavu yuko ndugu yake, swila, yule atemaye sumu. Naye aweza kuwa mweusi au kijivu, lakini kooni ana mkanda mpana mweusi, na mara nyingi wekundu kidogo kando yake. Hulenga macho, naye hufika mita 2 au zaidi. Aliyetemewa aoshe macho kwa maji mengi safi, wala asiyasugue, kisha aende kituo cha afya. Akiuma, nyama ya mahali pale huvimba na kuoza.

Mitini mambo yageuka. Yuko nyoka mwembamba, mrefu, mwenye jicho kubwa, mweusi mwili mzima, ambaye wataalamu wamempa jina la Jackson. Chakula chake ni vinyonga, ndege na wadogo wengine wa matawini, wala hahesabiwi miongoni mwa nyoka wa kuua watu. Lakini akiudhiwa huvimbisha shingo, na hapo watoto hupiga kelele: "Fira!" Mwenye macho aangalie vizuri. Fira hutanua shingo kwa upana, kama kiganja kilichofunguliwa. Huyu huivimbisha kwa kwenda juu na chini, kama kiganja kilichosimamishwa kwa ukingo wake.

Je, twaweza basi kumwachia ye yote atakayevimbisha shingo namna hiyo? La, hasha! Kuna mwingine wa mitini, mwenye kichwa kifupi na jicho kubwa mno, ambaye Makaburu wa Afrika ya Kusini walimwita boomslang, maana yake "nyoka wa mti". Huyu hana rangi moja: wako wa kijani, wako wa kahawia, na wako weusi. Naye huvimbisha shingo vile vile. Meno yake ya sumu yako nyuma kinywani, na sumu yake huharibu kuganda kwa damu, hata mtu avuja damu ndani ya mwili.

Hapa twaomba mwafikiri habari ya Karl Schmidt, mtaalamu wa Marekani. Huyu si mtu aliyesikia habari za nyoka wetu kwa uvumi. Mwaka 1923 alitoa maandiko makubwa juu ya nyoka wa Kongo, wale waliokusanywa na Herbert Lang na James Chapin kati ya 1909 na 1915. Mwezi wa Septemba 1957, mjini Chicago, aliletewa nyoka mchanga kutoka Afrika ili amtambue. Kwa sura alikuwa boomslang. Lakini gamba moja karibu na mkia halikulingana na yaliyoandikwa, naye akasita. Nyoka akamwuma kidole gumba. Jino moja tu liliingia sawasawa. Schmidt aliandika saa kwa saa jinsi alivyojisikia, na siku iliyofuata akafa. Kama gamba moja lilimtatiza mtu aliyesoma nyoka maisha yake yote, tena nyoka akiwa mkononi mwake, sisi tutajisifu kwa nini tunapomwona nusu yake tu juu ya mwembe?

Kumwona nusu ni shida kweli. Katika misitu ya mashariki ya Kongo yuko mamba wa kijani (si yule wa mtoni!) ambaye mkia wake ni mweusi. Akwelaye mchikichi akiona mkia huo tu kati ya makuti, atashuka na kusema ameona nyoka mweusi. Na wavuvi wa Lualaba wamjue fira wa majini, wa rangi ya kahawia mwenye pete nyeusi, mla samaki: huyo hutafuta alichotafuta mvuvi.

Sasa tumtetee mmoja. Ni nyoka wa nyumbani, wa rangi ya kahawia nzito mpaka karibu na weusi, ambaye kwa kawaida haendi mbali zaidi ya mita 1. Hutembea usiku. Hana sumu ya kumdhuru mtu. Hukamata panya, humzungushia mwili na kumnyonga. Alama yake ni mistari miwili myembamba ya rangi hafifu kila upande wa kichwa, mmoja ukipita juu ya jicho kutoka puani, wa pili ukiwa chini yake. Mboni ya jicho lake imesimama kama ya paka. Hapo wanafunzi wajihadhari, kwa maana vitabu vingine vya Ulaya hufundisha kwamba mboni ya duara ni ya nyoka mwema, na mboni ya paka ni ya mwenye sumu. Huko yaweza kufaa. Kwetu ni mtego. Fira ana mboni ya duara, na mamba vile vile. Nyoka wa nyumbani asiye na hatia ana ya paka, lakini kifutu naye ana ya paka! Kanuni hiyo ifutwe ubaoni.

Mpunga ulioletwa Maniema na watu wa pwani katika karne ya 19 ungali riziki ya jamaa nyingi, na kila mkulima ajua panya wafanyavyo katika magunia. Nyoka wa nyumbani huingia katika mashimo ambamo paka hawezi kupitisha hata kichwa. Amwuaye amewapa panya ruhusa. Mama wa nyumba atatuuliza: "Je, nimlaze nyoka pamoja na watoto?" Hapana, mama. Atoe watoto, afungue mlango, asimame mbali na kumpa njia. Kama mistari ya kichwani haikuonekana wazi, amhesabu kuwa mwenye sumu. Ndugu yake wa msituni hana mistari hiyo, lakini heri kumkimbia asiyedhuru kuliko kumkaribia fira.

Wa mwisho ni mdogo, naye hudanganya kuliko wote. Hukaa chini ya udongo, ni mweusi au kahawia nyeusi, mara nyingi hazidi nusu mita, macho yake ni kama vichwa vya sindano, na mkia waishia kwa ncha kali. Hutoka usiku baada ya mvua. Vijana humkamata nyuma ya kichwa, wakidhani ndiyo njia ya salama. Kwa huyu si salama kamwe! Jino lake refu hutokea kando ya mdomo hata kinywa kikiwa kimefungwa, naye humchoma amshikaye kwa kugeuza kichwa kidogo tu. Maumivu yake ni makali, na aina nyingine za jamaa yake zimekwisha kuua watu.

Mtu akiumwa, basi, msipoteze saa mkimwinda nyoka ili mmpeleke hospitali. Wengi wameumwa mara ya pili kwa njia hiyo. Semeni mliyoyaona: midomo, shingo, alikuwa mtini au chini. Daktari atamtazama mgonjwa mwenyewe. Wala msikae kumtafuta jirani aliyemtuma nyoka huyo. Sumu haingoji shauri liishe.

Lazima tuseme pia neno juu ya jiwe jeusi, kwa kuwa misioni nyingi za Afrika ziliwahi kuligawa na kulisifu. Ni kipande cha mfupa wa ng'ombe uliochomwa, hubandikwa juu ya jeraha, nacho hushikamana. Kwa sababu hiyo watu husema linafyonza sumu. Mwaka 2007 ilitangazwa habari ya wataalamu waliolijaribu juu ya panya waliotiwa sumu, nao hawakuona faida yo yote. Waliopona kwalo ni wale walioumwa na nyoka asiye na sumu, au mwenye sumu ambaye hakuitia. Nia ya waliolileta ilikuwa njema. Lakini lisiwekwe mahali pa seramu.

Msikate jeraha, msilifyonze, msifunge kamba ya kukaza. Vueni pete na bangili, fungeni mguu au mkono kwa kijiti usitikisike, mbebeni mgonjwa kwa machela au pikipiki asitembee. Akitapika, mlazeni ubavu. Na akisema kwamba kope zamlemea, msingoje mapambazuko.