Magoti Peke Yake Hayasomi Mwanzo 9

Mwandishi wa makala ninayoijibu anadai sheria ya Rwanda ya 2018, inayowataka viongozi wa makanisa wawe na elimu ya dini ya chuo kikuu, inamfunga Roho Mtakatifu. Mhubiri wa mtaa kama Busanza, asema, anahitaji magoti tu.

Mwandishi huyo afungue Mwanzo 9, aone andiko likisomwa vibaya huleta nini. Nuhu anamlaani Kanaani, si Hamu, na rangi ya ngozi haitajwi popote. Hata hivyo jina la Hamu lilizaa nadharia ya Wahamiti. Mpelelezi Mwingereza John Hanning Speke akaieneza kwa kitabu chake cha 1863, akiwapa watawala wa Maziwa Makuu asili ya Ethiopia, na wamisionari wakaifundisha kuhusu Watutsi wa Rwanda. Mwaka 1992, huko Kabaya, mwanasiasa Léon Mugesera akasema katika hotuba kwamba Watutsi warudishwe Ethiopia kwa mto Nyabarongo.

Atajibu kwamba wamisionari hao walikuwa wasomi. Ni kweli, na Padri Athanase Seromba, aliyehukumiwa kifungo cha maisha kwa mauaji ya Watutsi katika kanisa la Nyange, alipita seminari. Basi kasoro ya sheria si kudai mno. Imemdai kiongozi shahada, ikamwacha muumini ameketi kimya, asiyeruhusiwa kuuliza andiko liliandikwa na nani, kwa nani, kwa sababu gani. Hilo mwandishi hakuligusa.