Mapatano Yasiwe Mlango wa Nyuma wa Walaghai



Mwizi wa kuku akikamatwa sokoni haitwi kwenye meza ya mapatano; hupelekwa kizimbani. Lakini mlaghai wa mamilioni, akiisha kushtakiwa, humtuma wakili wake kwa yule aliyemdhulumu, hurudisha sehemu ya alichokula, kisha huingia mahakamani na karatasi yenye sahihi mbili akidai kwamba kesi imekwisha. Nasi twaulizwa: mwenye mali ameridhika, ninyi mwalilia nini?

Twalilia Jamhuri. Mshtaki katika kesi ya jinai si yule aliyeibiwa, bali ni Jamhuri yenyewe. Deni ni la watu wawili. Ulaghai ni jeraha la wote, kwa kuwa aliyemdanganya mmoja leo na akaponea kwa kulipa, kesho atamdanganya asiye na wakili.

Hatupingi upatanisho. Katiba ya 2010, Kifungu cha 159, yazitaka mahakama ziukuze. Sheria ya utaratibu wa kesi za jinai nayo yaruhusu watu kupatana katika makosa madogo ya kibinafsi. Jirani aliyemlaghai jirani bei ya ng'ombe, akakiri, akalipa, akaomba radhi, na aende kwa amani. Hatutaki mtu aozee gerezani kwa kisasi, wala hatutaki polisi wageuzwe wakusanya madeni.

Lakini Kanuni ya Adhabu yasema ni kosa kupokea malipo ili kesi ya jinai iliyo nzito izimwe. Na Kifungu cha 157 cha Katiba chamkataza Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma kuiondoa kesi bila idhini ya mahakama, tena chamwamuru azingatie maslahi ya umma. Ulinzi huo haukushuka kama mvua. Chini ya katiba ya zamani, Mwanasheria Mkuu aliweza kuisimamisha kesi bila kumwomba hakimu ruhusa. Waliopigwa marungu tarehe 7 Julai 1990 hawakumwaga damu ili uwezo ule uondolewe kwa mtu mmoja na kukabidhiwa matajiri.

Tukumbuke Goldenberg. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 serikali ililipa fidia ya asilimia 35 kwa dhahabu na almasi zilizodaiwa kuuzwa ng'ambo, ilhali biashara hiyo ilikuwa hewa. Mabilioni ya shilingi yakapotea. Mwaka 2008 hoteli ya Grand Regency ya Nairobi ikarudishwa kwa Benki Kuu kwa makubaliano ya nje ya mahakama. Mara wananchi wakasikia kwamba imekwisha kuuzwa kwa Walibya. Bunge likawaka, na Waziri wa Fedha akaacha kiti. Hayo ndiyo matunda ya mapatano ya gizani. Na David Munyakei, karani wa Benki Kuu aliyeifichua siri hiyo, akakamatwa na kupoteza kazi mwaka 1993, alikufa maskini mwaka 2006. Nani aliketi naye mezani kupatana?

Ninyi washirika wa kanisa mwamjua Zakayo. Hakumnong'oneza mtu sikioni. Alisimama mbele ya watu, akaahidi kuwarudishia mara nne wale aliowadhulumu, na nusu ya mali yake akawapa maskini. Toba yake ilikuwa na mashahidi. Mlaghai wetu hurudisha nusu ya alichoiba, bila kukiri lolote, na hutaka aitwe mwadilifu.

Basi tudai mambo matatu. Kwanza, masharti ya kila mapatano yasomwe katika mahakama ya wazi kabla kesi haijaondolewa. Pili, hakimu awaulize waliodhulumiwa wote, si yule mmoja mwenye sauti, na ahakikishe kwamba hakuna aliyetishwa. Tatu, palipoibwa mali ya umma, kurudisha kupunguze adhabu, lakini kusifute hatia.

Kesi ya ulaghai ikitajwa katika mahakama ya eneo lenu, nendeni mkaketi. Wazee wa kanisa wakiombwa kubariki mapatano, waulize kwanza ni nani hakualikwa. Sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma. Tusikubali meno yake yang'olewe upande wa matajiri.