Kabla Hajavaa Suti Alikuwa Akifanya Nini?



Uchaguzi wa tawi letu umekaribia, nami naomba nafasi kidogo katika gazeti letu hili nieleze jambo lililonipata barazani hapa Kibokoni, hata kahawa ikanipoa mkononi.

Tulikuwa tumekaa jioni, nami nikawa namsifu mmoja wa wagombea wetu. Mzee mmoja wa mtaa, aliyepata kuwa kuli bandarini miaka mingi, akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akaniuliza, “Mwanangu, huyo mtu wako, kabla hajavaa suti alikuwa akifanya kazi gani?” Nikanyamaza. Kabila lake nalijua, maana ni la baba yangu. Kijiji chao nakijua, na aliyemwoa dadake namjua. Lakini kazi yake ya kwanza sikuijua, na yeye ndiye ninayetaka aende akaseme na tajiri juu ya mshahara wangu!

Mzee akacheka, akaanza kutueleza habari za Ronald Ngala. Nilikwenda nyumbani nikiwaza habari hizo, na nilizokuwa nazijua nikaziweka pamoja na zake.

Ngala alizaliwa karibu mwaka 1923 huko Gotani, katika nchi ya Wagiriama. Hakuzaliwa katika nyumba ya mkubwa. Alisoma shule ya misheni Kaloleni, akaenda Alliance kule Kikuyu, kisha Makerere akajifunza ualimu. Akarudi Kaloleni kufundisha, akafundisha Taita, halafu akaletwa hapa kisiwani kuwa mwalimu mkuu wa shule ya Buxton. Baadaye akawa msimamizi wa shule za Mombasa, na akaingia katika baraza la mji. Tazameni ngazi hizo. Mtu aliyesimama mbele ya watoto wenye njaa kila asubuhi, akajua nani hana ada na nani amekosa daftari, amekwisha jua nchi kabla hajaomba kura hata moja. Mimi nilifundishwa na walimu wa misheni darasa la kwanza mpaka la nane, na nawaambia hakuna mtu anayejua umaskini wa nyumba za watu kama mwalimu.

Machi 1957 Waafrika wa Kenya walichagua wajumbe wao wa Baraza la Kutunga Sheria kwa mara ya kwanza. Walichaguliwa 8, na Ngala akawa wa Pwani. Kura ya siku hizo haikuwa kama ya leo. Mpiga kura alipimwa kwa elimu yake, mapato yake, mali yake na mambo mengine ya namna hiyo, na aliyekuwa na sifa nyingi alipewa kura hata 3. Kuli asiyekuwa na cheti wala mali alikaa nje akitazama.

Juni 1960 chama cha KADU kilianzishwa kule Ngong, na Ngala akawa mkuu wake, pamoja na kina Muliro na Moi. Wao waliogopa kwamba makabila makubwa yatameza madogo, kwa hiyo wakataka majimbo. Mwaka 1961 Ngala aliongoza kazi za serikali, kwa kuwa KANU, iliyoshinda, ilikataa kushika serikali kabla Kenyatta hajafunguliwa. Mwaka 1963 majimbo yakaja kweli, 7 pamoja na eneo la Nairobi, naye akawa Rais wa Jimbo la Pwani, na papo hapo kiongozi wa upinzani katika bunge. Mwalimu wa Kaloleni amekuwa mkuu wa jimbo zima! Haikudumu. Novemba 1964 KADU ikavunjwa, wakaingia KANU, na ilipofika jamhuri mwezi uliofuata majimbo yalikuwa yamekwisha. Ngala alifanywa waziri mwaka 1966, akafa Desemba 1972 baada ya ajali ya gari.

Sasa nasema maoni yangu, na asiyekubali aandike naye. Ngala namheshimu. Lakini kama vile kazi ya kwanza humfundisha mtu, ndivyo kazi asiyoifanya humwacha bila ya jicho upande mmoja. Yeye alijua shule na vijiji. Hakupata kuwa kibarua wa Kilindini, wala hakulala chumba kimoja na Mluo, Mkamba na Mdigo wanaogawana unga wa mwisho wa mwezi. Kwa hiyo, kwa fikira yangu, majimbo yake yalikuwa nguo iliyokatwa kwa kipimo cha mtu anayekaa kwao. Mfanyakazi hakai kwao. Anakaa penye kazi. Wafanyakazi wengi wa bara waliokuwa hapa Pwani waliposikia neno majimbo walijiuliza kama watafukuzwa, na walikuwa na haki ya kujiuliza.

Mimi nina sababu ya kulisema hili. Baba yangu aliletwa Mombasa na reli kutoka Machakos, mimi nikazaliwa hapa. Agosti 1997, Likoni ilipowaka moto, watu wa bara wakauawa na wengine kukimbia nyumba zao, nilikuwa mtoto. Tulivuka feri na godoro moja na sufuria mbili. Aliyetupa chumba hapa Kibokoni alikuwa mwenyeji kabisa, na kodi ya mwezi wa kwanza hakuitaka. Simtwiki Ngala mambo ya 1997, maana alikuwa amekufa miaka 25 nyuma. Lakini neno lake walilichukua wengine wakalifanya panga.

Nanyi mnakumbuka mgomo wa Januari 1947, hata kama mmeusikia kwa babu zenu. Watu wa bandari na wa reli walisimama pamoja, mji ukanyamaza. Kiongozi wao Chege Kibachia alikuwa mtu wa Kiambu. Hakuna aliyemwambia arudi kwao, ila serikali ya kikoloni, iliyomkamata mwaka huo huo ikampeleka Baringo.

Nitaleta mfano mmoja wa mbali, kwa sababu unatuhusu sisi wa reli. Huko Australia nchi imegawanywa majimbo 6, na kila jimbo lina waziri mkuu wake. Jimbo la New South Wales liliongozwa tangu 1952 mpaka 1959 na Joseph Cahill. Huyu alianza kama mwanafunzi wa ufundi wa mashine katika karakana ya reli ya Eveleigh, mjini Sydney. Mwaka 1917 wakubwa wa reli walileta karatasi za kuandika kila kazi imechukua muda gani, mafundi wakakataa, ukatokea mgomo mkubwa, na Cahill akafukuzwa kazi. Mwaka 1925 akaingia bungeni. Ile nyumba ya muziki ya Sydney, ambayo picha yake mmeiona katika kalenda, yeye ndiye aliyeisukuma mpaka ikaanza kujengwa. Lakini ninalolipenda mimi si nyumba ile. Nalipenda jambo kwamba alipokaa kwenye kiti kikubwa alijua harufu ya grisi, na alijua mtu anavyojisikia anapoambiwa kesho usije.

Basi ndugu zangu, katika tawi letu nimesikia maneno mabaya. Wengine wanasema safari hii ni zamu ya wenyeji, wengine wanapita vyumba vya watu wa bara usiku wakiwaambia tushikane sisi kwa sisi. Hata kwangu walikuja. Waliniambia, “Huyu ni wetu.” Nikawauliza, wetu wa gengi gani? Hawakuwa na jibu.

Siku ya kura nitafika mapema. Kila mgombea nitamwuliza alianza kazi gani, chini ya msimamizi gani, na siku tulipogombana na tajiri yeye alisimama wapi. Wa kwanza kumwuliza atakuwa huyo wa kwetu.