Mchezaji Asiye na Jina

Wako wasemao kwamba filamu za viwanda za Ufini hazikuwa na wachezaji, ila mitambo na magogo tu. Hoja hiyo ni dhaifu. Tangu 1933 hadi 1964 kumbi za sinema nchini humo zilipunguziwa kodi kwa kuonyesha filamu fupi za kienyeji, na nyingi katika hizo ziliagizwa na wenye viwanda. Watengenezaji kama Heikki Aho na Björn Soldan hutajwa kwa majina, nao wanastahili. Je, mfanyakazi aliyetakiwa arudie kazi yake mpaka mpiga picha aridhike, hakuigiza? Achezaye mfalme husaidiwa na joho; ajichezaye mwenyewe hana pa kujificha. Kumhesabu pamoja na mitambo ni kumdhulumu mara mbili: jasho limeonyeshwa, jina limefichwa.