Subira si Kunyamazia Dhulma



Miaka kadhaa iliyopita, baada ya darsa ya akina mama, alitujia dada mmoja aliyekuwa akitibiwa saratani ya titi. Alitueleza kwa sauti ya chini kwamba mumewe amebadilika. Nasi, bila ya kumuuliza zaidi, tulimnasihi asubiri, kwani maradhi ni mtihani. Alitushukuru akaenda zake. Baadaye tulikuja kufahamu kwamba kubadilika huko kulikuwa ni kunyimwa nauli ya kwenda kliniki, kuuzwa kwa dhahabu zake bila ya ridhaa yake, na kuambiwa kila usiku kwamba yeye si mwanamke tena. Tunamuomba Allah atusamehe kwa haraka yetu ya kujibu. Leo twaandika ili mwengine asirudi nyumbani na jawabu kama lile.

Dhulma kwa mgonjwa si lazima iwe kipigo. Huwa ni kufichiwa dawa za maumivu, kunyang'anywa simu, kulazimishwa tendo la ndoa ilhali mwili haujiwezi, au kutishwa kwamba atatenganishwa na wanawe. Mwenye kudhulumu si mume peke yake. Aweza kuwa wifi, mkwe au mtoto mkubwa. Wako pia wanaume wagonjwa wanaodhulumiwa, na wagonjwa wanaowatesa wake zao wanaowauguza. Uchungu wa maradhi waweza kueleza hasira, lakini hauhalalishi mkono.

Tumwangalie anayekosa miadi ya hospitali mara kwa mara, na ambaye kila swali hujibiwa na aliyemsindikiza. Ama alama za mwilini, tusikimbilie kuhukumu: baadhi ya dawa za saratani hupunguza chembe zinazogandisha damu, na ngozi ikavilia kwa jambo dogo. Lakini kwa sababu hiyo hiyo, alama za kipigo huweza kujificha nyuma ya maradhi. Basi na tuulize, faraghani, kwa upole: "Dada, je, uko salama nyumbani?"

Akijibu, tumsadiki. Tusiende kumkabili mumewe kabla yeye hajaridhia, maana tutaondoka sisi abaki yeye na ghadhabu. Tumsaidie kuweka nakala za karatasi za matibabu na akiba ya dawa kwa mtu mwaminifu, na kumweleza daktari au muuguzi wake. Simu ya 1195 hupigwa bila ya malipo. Sheria ya mwaka 2015 ya kulinda watu dhidi ya dhulma za nyumbani inahesabu pia matusi, vitisho na kunyimwa mali, na mahakama yaweza kutoa amri ya ulinzi. Naye Kadhi yuko kwa masuala ya ndoa na talaka.

Wako wasemao kuwa ya nyumbani ni sitara. Ni kweli, lakini sitara ni ya kumhifadhi mja, si ya kumficha dhalimu. Wahenga walituachia kwamba mficha maradhi, kifo humuumbua. Na dhulma nayo ni maradhi.

Tukumbuke vita vya Badr, mwaka wa 2 Hijria. Sayyidna Uthman hakutoka na jeshi, kwani mkewe, Bibi Ruqayya, binti wa Mtume (s.a.w.), alikuwa mgonjwa. Mtume mwenyewe ndiye aliyemwamuru abaki amuuguze, kisha akamhesabia fungu na ujira kama wa waliohudhuria. Ikiwa kumuuguza mke kumepewa daraja hiyo, basi huyo anayemnyima mkewe nauli ya kliniki atasimama wapi siku ya hesabu?

Ewe dada uliyetujia siku ile, tuwie radhi. Na wewe unayesoma haya huku umeficha la moyoni, mwambie mtu mmoja unayemwamini, leo.

Allah awaponye wagonjwa wetu na awahifadhi majumbani mwao. Amin.