Fundi Asiye na Saini

Tomislav Pinter, mpiga picha wa filamu aliyezaliwa Zagreb mwaka 1926, hana picha ambayo mtazamaji akiiona tu atasema hii ni yake. Hilo laweza kuonekana upungufu. Kwa hukumu ya safu hii ndiyo sifa yake kubwa, na ushahidi umo katika kazi zake za miaka mitatu tu, 1965 hadi 1967.

Kroatia wakati huo ilikuwa jamhuri mojawapo ya Yugoslavia, na Zagreb na Belgrade zilishirikiana mafundi. Ndiyo maana Mkroatia huyu alipiga filamu za Aleksandar Petrović, mwongozaji wa Serbia. Tri, maana yake Tatu, ilitoka mwaka 1965: visa vitatu vya vita, mtu mmoja, vifo vitatu anavyovishuhudia. Ni nyeusi na nyeupe, kavu, haina pambo.

Mwaka uliofuata Pinter akajifungia ndani. Rondo ya Zvonimir Berković karibu yote imo katika fleti moja ya Zagreb, ambamo kila Jumapili hakimu huja kucheza sataranji na rafiki yake mchongaji, huku taratibu akimpenda mke wa mwenyeji. Meza ni ileile, kete zilezile, watu walewale watatu. Fundi mwenye papara angeanza kuzungusha kamera ovyo ili kuficha ufinyu wa chumba. Pinter alitulia, akauacha ufinyu wenyewe uwabane wahusika.

Kisha ikaja Skupljači perja, yaani Wakusanya Manyoya, ya mwaka 1967, tena na Petrović. Safari hii ni rangi, na ni matope ya Vojvodina, kaskazini mwa Serbia, miongoni mwa Waroma wanaonunua na kuuza manyoya ya bata bukini. Bora, mchuuzi anayeigizwa na Bekim Fehmiu, yuko juu ya lori linalokwenda. Anapasua magunia na kuuachia upepo mali yake. Weupe unatapakaa juu ya barabara chafu. Baadaye weupe huohuo unarudi pale wanaume wawili wanapopigana kwa visu katikati ya lundo la manyoya, na safari hii hauna furaha hata chembe. Filamu hiyo ilipata tuzo maalumu ya waamuzi huko Cannes, na kama Tri, ikateuliwa kuwania Oscar ya filamu ya kigeni.

Mwaka huohuo alimpigia Ante Babaja filamu ya Breza, kisa cha mwanamke dhaifu wa kijijini. Humo rangi zinafuata wachoraji wakulima wa kijiji cha Hlebine, Kroatia, wanaochora nyuma ya kioo. Hakuna hata kivuli cha Vojvodina.

Yaliyofuata ni mengi na hayalingani. Alipiga picha za The Merchant of Venice ya Orson Welles, ambayo haikufika sinema; Sutjeska ya mwaka 1973, Richard Burton akiwa Tito, kiongozi wa Yugoslavia; na mwaka 1981 Montenegro ya Dušan Makavejev. Alifariki mwaka 2008.

Anayetaka kumpima aangalie Rondo leo na Wakusanya Manyoya kesho, bila kusoma majina ya mwanzoni. Hatadhani kuwa ni mkono mmoja.