Nyumba Moja kwa Bei ya Nyumba Tatu na Nusu

  

Ndugu Waislamu, limeenea miongoni mwetu neno tamu linalosema kwamba mpangaji anatupa fedha zake kila mwezi, ilhali aliyekopa benki anajenga mali. Neno hili halikubaki sokoni wala maofisini. Limeingia katika safu zetu za swala, kuanzia Isevya na Gongoni mpaka Cheyo na Ipuli, na wapo waumini wanaoswali Alfajiri kwa jamaa kisha mchana wakaenda kutia saini mkataba wa riba kwa bismillahi. Ukiwauliza, watakwambia kwamba riba iliyokatazwa ni ile ya kumnyonya masikini anayekopa chakula, na huu wa nyumba ni msaada.

Tutalijibu neno hilo kwa mambo mawili: hesabu na historia. Hukumu yenyewe haina utata. Aya za 275 hadi 279 za Suratul Baqara zimeharamisha riba, zimetofautisha baina yake na biashara, na zimetangaza kwamba asiyeiacha ajue kuwa yumo vitani na Allah na Mtume wake. Muislamu anayeijua aya hiyo hahitaji benki imfasirie.

HESABU ISIYOSOMWA KWA SAUTI

Taarifa za Benki Kuu ya Tanzania za miaka ya karibuni zimetaja riba ya mikopo ya nyumba kuwa kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka. Tuchukue asilimia 17, iliyo katikati. Tuseme mtumishi mwenye umri wa miaka 40 amekopa shilingi 50,000,000 alipe kwa miaka 20, kwa rejesho lisilobadilika kila mwezi.

Rejesho lake litakuwa takriban shilingi 733,400 kwa mwezi. Miaka 20 ni miezi 240. Zidisha, utapata shilingi 176,016,000. Amepewa milioni 50, amerudisha milioni 176. Milioni 126 zilizozidi ni riba tupu. Kwa fedha hizo angejenga nyumba tatu na nusu za thamani ile ile, naye ana moja.

Lililo zito zaidi limo ndani ya mpangilio wa malipo. Mwezi wa kwanza, katika zile shilingi 733,400, riba inachukua 708,333. Kinachopunguza deni ni shilingi 25,067 tu. Mwaka wa kwanza ukimalizika, maskini huyu ametoa zaidi ya milioni 8.8, na deni lake limepungua kwa shilingi 325,000 hivi. Baada ya miaka 5 ametoa milioni 44, yaani anakaribia kurudisha chote alichopewa, naye bado anadaiwa zaidi ya milioni 47.6. Baada ya miaka 10 ametoa milioni 88 na bado anadaiwa milioni 42. Nusu ya deni la asili haimaliziki mpaka mwaka wa 17. Basi akifukuzwa kazi au akiugua katika mwaka wa 10, nyumba ikapigwa mnada kwa bei ya haraka, atajikuta amelipa karibu mara mbili ya alichokopa na hana paa la kujistiri.

Enyi wenye akili! Mkulima wa tumbaku wa Urambo akipimiwa mzigo wake kwa mizani ya namna hii, angeita watu washuhudie wizi. Mbona mizani hii inaitwa maendeleo?

Watasema: shilingi ya leo si shilingi ya miaka 20 ijayo, fedha hupungua thamani, kwa hiyo milioni 176 si nyingi kama zinavyoonekana. Tunawajibu kwa takwimu za nchi yetu wenyewe. Tangu mwaka 2018 hadi 2024 mfumuko wa bei wa mwaka nchini Tanzania haukufika asilimia 5 kwa wastani. Riba ni asilimia 17. Kama lengo lingekuwa kulinda thamani ya fedha tu, zile asilimia 12 zinazobaki zinalinda nini?

Watasema tena: lakini kodi ya pango nayo ni fedha inayopotea. Sawa, tupime. Tuseme mtu huyu anapanga nyumba kwa shilingi 200,000 kwa mwezi. Kama ana uwezo wa kutoa 733,400, basi kila mwezi zinabaki 533,400. Kwa miaka 8 hizo ni zaidi ya milioni 51. Kodi ikipanda, na saruji na bati vikipanda, na ikamchukua miaka 11 badala ya 8, bado atakuwa ndani ya nyumba yake miaka 9 kabla ya mkopaji kumaliza deni. Tena si lazima afungie fedha sandukuni. Atanunua kiwanja mwaka huu, atafyatua na kuchoma tofali mwaka ujao, ataweka msingi, atapandisha ukuta, ataezeka. Tofali lililokwisha chomwa haliliwi na mfumuko wa bei. Ndivyo walivyojenga wazee wetu wengi wa Ng'ambo na Kanyenye, na hakuna dalali aliyepata kugonga milango yao.

JINA JIPYA, JAMBO LA KALE

Wanaodhani kwamba rehani ya nyumba ni elimu ya kisasa iliyoletwa na Sheria ya Mikopo ya Nyumba ya mwaka 2008, wasome habari za mji huu wanaoishi.

Burton na Speke walipofika Kaze mwezi Novemba 1857, walimkuta Snay bin Amir na wafanyabiashara wenzake wameshajenga matembe, wamepanda bustani, na misafara inapita kuelekea Ujiji na Karagwe. Iliyopita ilikuwa nguo, shanga na pembe za ndovu, na kwa masikitiko makubwa walipita pia wanadamu waliofungwa minyororo, jambo ambalo hatulipambi wala hatulitetei. Lakini tuulize: mtaji wa misafara ile ulitoka wapi? Sehemu kubwa ilikuwa mali ya mkopo kutoka Unguja. Mfanyabiashara alipewa nguo na shanga kwa bei iliyokwisha pandishwa, alipe kwa pembe baada ya miaka. Tippu Tip mwenyewe, ambaye baba yake Muhammad bin Juma alikuwa na makazi hapa Unyanyembe, aliendesha misafara yake mikubwa kwa mali ya Tharia Topan. Yeye alifaulu. Wengine walikwama, na baadhi yao walibaki huku bara kwa sababu kurudi pwani kulikuwa ni kukutana na wadai.

Na dhamana ilikuwa nini? Mara nyingi ilikuwa nyumba au shamba la pwani. Kwa kuwa waliogopa kuitaja riba kwa jina lake, walitumia mkataba ulioitwa bei ya hiyari. Mwenye nyumba "anamuuzia" mkopeshaji nyumba yake kwa kiasi anachohitaji, akijiwekea haki ya kuikomboa kwa kiasi kile kile baada ya muda maalumu. Kisha anabaki humo humo kama mpangaji, akilipa "kodi" kila mwezi au kila mwaka. Muda ukipita bila kukomboa, nyumba imekwenda. Tazama, ndugu msomaji: kiasi kilichotolewa ni mkopo, nyumba ni rehani, na kodi ni riba. Lililobadilika ni majina matatu tu.

Mafundi wa hila hii hawakuwa wa kwanza. Wanavyuoni wa madhehebu ya Hanafi waliijadili bei ya namna hiyo huko Bukhara tangu karne ya 5 Hijria, wakiiita bai'ul-wafaa, na wakahitilafiana juu yake. Jopo la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu, katika kikao chake cha 7 kilichofanyika Jidda mwaka 1992, liliamua kwamba haijuzu, kwa kuwa hakika yake ni mkopo wenye kuvuta manufaa. Na kanuni inayojulikana kwa kila mwanafunzi wa fiqhi ni kwamba mikataba hutazamwa kwa makusudio na maana zake, si kwa matamshi yake.

Mwisho wa bei ya hiyari ulikuwaje? Mashamba ya mikarafuu ya Unguja na Pemba yalizama katika madeni mpaka serikali ya kikoloni ilipolazimika, mwaka 1934, kutunga amri ya kuzuia ardhi ya Waarabu na Waafrika isiishie mikononi mwa wakopeshaji. Wala mtu asiligeuze somo hili kuwa chuki dhidi ya Wahindi. Miongoni mwa wakopeshaji walikuwamo wasiokuwa Waislamu na walikuwamo wanaojiita Waislamu, na wakopaji walitia saini kwa hiari yao mbele ya mashahidi wanaoswali. Ubaya ulikuwa katika mkataba. Katika hadithi ya Jabir iliyomo katika Sahihi Muslim, Mtume (S.A.W.) amewalaani mlaji wa riba, mlipaji wake, mwandishi wake na mashahidi wake wawili, akasema wote hao ni sawa.

DHARURA IPI?

Hoja ya mwisho hutolewa na wenye elimu kidogo, nayo ndiyo hatari zaidi. Husema kwamba Baraza la Ulaya la Fatwa na Utafiti liliruhusu mikopo ya nyumba mwaka 1999. Ni kweli lilitoa fatwa hiyo. Lakini anayeinukuu hataji kwamba iliwahusu Waislamu wachache wanaoishi Ulaya, kwamba iliwataka kwanza watafute njia za halali, na kwamba iliweka masharti: nyumba iwe ya kuishi mkopaji na familia yake, asiwe na nyumba nyingine, wala asiwe na mali ya kumwezesha kuipata kwa njia nyingine. Pamoja na masharti hayo, wanavyuoni wengi waliipinga, na Jopo la Fiqhi lilikwisha amua mwaka 1990 kwamba mkopo wa nyumba wenye riba ni haramu.

Sasa niambie, wewe mkazi wa Tabora mwenye kiwanja Malolo, mwenye udongo wa tofali chini ya miguu yako na ndugu kumi wa kukusaidia kuezeka: dharura yako ni ipi? Kutaka sebule yenye vigae kabla ya jirani ni tamaa, na tamaa haihalalishi haramu.

NINI KIFANYIKE

Haitoshi kukataza. Msikiti unaokataza riba bila kufungua mlango mwingine unamwacha muumini barabarani.

Kwanza, kila msikiti uwe na mfuko wa mkopo mwema, unaorudishwa kama ulivyotolewa. Waumini 30 wakitoa shilingi 100,000 kila mmoja kwa mwezi, zinapatikana 3,000,000 kila mwezi. Kwa zamu, ndani ya miezi 30 kila mmoja atakuwa amepokea kwa mkupuo fedha ya kuezekea au kumalizia ukuta, bila senti ya ziada. Waandikiane na washuhudishe, kama ilivyoamrishwa katika aya ya 282 ya sura hiyo hiyo ya Baqara. Vikundi vingi vinavunjika kwa kuoneana haya ya kuandika.

Pili, tangu mwaka 2011 ipo nchini Benki ya Amana, na benki nyingine zimefungua madirisha yanayojiita ya Kiislamu. Usiridhike na jina wala kanzu ya mhudumu. Uliza: je, benki inainunua na kuimiliki nyumba kabla ya kuniuzia? Je, bei imefungwa, au itapanda nikichelewa? Je, faini ya kuchelewa inakwenda wapi? Kisha fanya hesabu ile ile tuliyoifanya hapa, kwani halali nayo yaweza kuwa ghali, na hukulazimishwa kuinunua. Bei ya hiyari nayo ilikuwa na jina la Kiarabu.

Tatu, akina mama mjue haki yenu. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999, kifungu cha 114, inataka ridhaa ya mume au mke kabla ya nyumba ya familia kuwekwa rehani. Ukiletewa karatasi usiku uambiwe utie saini tu, omba kwanza uonyeshwe jumla ya malipo yote kwa tarakimu. Saini yako ndiyo kufuli ya mlango wa watoto wako.

Nne, aliyekwisha ingia asikate tamaa na rehema ya Mola wake. Alete toba, asiongeze mkopo juu ya mkopo, na kila anachookoa akielekeze kwenye deni la asili ili alimalize mapema. Ndugu zake wamsaidie. Mtume (S.A.W.) alisita kumswalia maiti aliyekuwa na deni mpaka Abu Qatada alipojitolea kulibeba, na deni lile halikuwa na riba. Katika mirathi, deni hulipwa kabla ya mrithi yeyote kupata fungu lake. Anayewaachia watoto nyumba iliyo rehani, huenda akawaachia ufunguo wa mlango wa mtu mwingine.

Maimamu na walimu wenzangu, khutba zetu za Ijumaa zimezungumza sana juu ya urefu wa nguo na kidogo juu ya urefu wa mikataba. Chukueni kalamu, mfanye hesabu hii mbele ya waumini, mwezi kwa mwezi, mpaka mzee wa mwisho aliye nyuma ya msikiti aielewe. Tukinyamaza, siku dalali atakaposimama mbele ya nyumba ya muumini, tutaulizwa tulikuwa wapi alipokuwa akitia saini.

Wabillahi tawfiq.